Sauti ya Orrin Haskett

Orrin Haskett alijaliwa sauti ya kuamsha mtaa mzima, kisha akaenda kuigiza sinema za enzi zile, zisizo na sauti. Watu wa Fort Lee, mji wa studio za sinema, walimcheka kwa hilo, naye akacheka nao, maana alikuwa anakula kila siku, na si kila mwigizaji angeweza kusema hivyo. Kwenye picha alikuwa wa kawaida tu: polisi anayetumbukia mtoni, mchumba anayeachwa kanisani.

Mwaka 1912 mwongozaji wao aliwakimbia, akaenda California kufuata jua. Bwana Pruitt, mwenye studio, akampa Orrin kazi hiyo kwa sababu moja tu: ndiye pekee aliyesikika juu ya nyundo. Huku picha inapigwa, kule maseremala wanajenga nyumba ya picha nyingine, na mwongozaji ni lazima awaelekeze waigizaji kwa mdomo wakati mpini wa kamera unazungushwa.

Katika picha yake ya kwanza alipewa Mama Adelia Trask, mwigizaji mkongwe wa jukwaani. Aliigiza mama anayefungua mlango na kumkuta mwanawe aliyedhaniwa amekufa vitani. Kila walipojaribu, Mama Adelia alirusha mikono juu, akashika paji la uso, akayumba, kama vile kuna mtu amelipia kiti cha nyuma kabisa na hataki apunjwe.

Bwana Pruitt alimvuta Orrin pembeni. "Bibi yako anafukuza nzi au anaigiza? Akirusha tena hiyo mikono, kesho simtaki hapa."

Mama Adelia hakuwa na mume, mtoto wala kazi nyingine. Na zaidi ya hayo, Orrin alikuwa na deni kwake ambalo hajawahi hata kulitaja.

Alimsimamisha mlangoni. Mawingu yalikuwa yanakuja, na jua la kupiga picha lilibaki kidogo sana.

"Mama, safari hii usifanye kitu. Nisikilize tu."

"Nisifanye kitu? Basi si ungeleta kabati, mwanangu?"

Kamera ikaanza kuzungushwa. Mama Adelia akafungua mlango, mikono ikaanza kupanda.

"Mama Adelia," Orrin alipaza sauti, "unakumbuka Ohio, tulipokuwa tunazunguka na kundi la maigizo? Usiku ule niliposahau maneno yote, nikasimama jukwaani kama gogo?"

Mikono ikasita.

"Meneja alitaka kuniacha stesheni. Ukamwambia, 'Huyu akibaki, na mimi nabaki.' Ukakaa juu ya sanduku lako kwenye theluji mpaka akakubali. Ukanishonea koti kwa pazia la jukwaa. Supu yako ya viazi ukaigawa, ukaniambia umeshiba, na ulikuwa hujala."

Nyundo moja ilinyamaza, kisha zote. Orrin akajikuta hana haja ya kupaza sauti.

"Sijawahi kukushukuru. Nilikuwa naona haya. Ahsante, Mama. Kama nimekuwa mtu, ni kwa ajili yako."

Mikono ya Mama Adelia ilishuka taratibu, ikatulia kwenye aproni. Alimtazama kijana aliyeigiza mwanawe, midomo ikimtetemeka kidogo, wala hakufanya kitu kingine. Mpiga picha aliendelea kuzungusha mpaka wingu likafunika paa la vioo la studio, mwanga ukaisha.

Kesho yake Orrin na Bwana Pruitt waliitazama picha hiyo kwenye chumba cha giza. Bwana Pruitt alipenga kamasi, akakunja leso yake. "Kuna picha ya bibi anayeendesha posta," akasema. "Mwambie aje Jumatatu."

Orrin alimkuta Mama Adelia nje, amekaa kwenye ngazi na kofia yake mapajani, kama mtu aliyekwisha kuaga. Akampa habari. Mama Adelia akajipangusa macho kwa utepe wa kofia.

"Lakini hukusema habari ya viatu," alisema. "Viatu vya marehemu mume wangu. Vipya kabisa vile, nikakupa."

"Sijavisahau, Mama. Habari yake nimeiweka kwa ajili ya Jumatatu, kamera ikianza."