Ndama Kitandani kwa Bibi

Niliamini kwa moyo wote kwamba ndama akilala ndani ya nyumba, karani wa serikali humwandika kuwa mtoto wa mwenye nyumba, na akikua hudaiwa kodi ya kichwa kama mwanamume yeyote. Nami ndimi msomi wa shule ya jioni, mwenye akili za kujaza nyumba zote za tembe kijijini kwetu Mgori! Majirani walinisikiliza, wakaanza kulaza ndama wao nje. Bibi yangu akakataa.

"Mama yangu alilala na ndama, nami nalala na ndama. Atakayetoka ni wewe na kisomo chako!"

Asubuhi karani akaja kuhesabu watu. Mbio nikamlaza ndama kitandani, nikamfunika blanketi.

"Shikamoo, Bibi. Na huyo aliyelala ni nani?"

"Shangazi," nikadakia, "ana homa kali."

Shangazi akalia "mooo!", akaruka na blanketi mgongoni hadi uani. Bibi akapiga vigelegele, kijiji kizima kikasikia.

"Bwana wee," karani akaniambia, "mimi nahesabu watu. Ndama wa Bibi alale alipozoea, huko nje kuna fisi."