Kunde za Madam Bhavna

Msinihurumie, nilijitakia. Baada ya kutazama video mbili za upishi nilijiteua mtaalamu wa lishe wa ofisi yetu hapa Hurlingham, nikatangaza kwamba Ijumaa nitawalisha wenzangu chakula cha afya: kunde za kwetu Busia zilizoungwa kwa dengu na bizari za Kihindi. Mlengwa hasa alikuwa Madam Bhavna, bosi wetu anayekaa Parklands, ambaye hajaonja nyama wala samaki tangu azaliwe. Nami, kwa bahati tu, nilikuwa natafuta kupandishwa cheo.

Nilikuwa mwangalifu ajabu. Nilinunua sufuria mpya isiyojua harufu ya nyama, na mwiko mpya. Hata mayai niliyatoa jikoni, yasije yakanichongea.

Madam alipakua sahani ya pili. "Nafula, hii mboga tamu sana! Umeweka nini? Kesho nataka kupikia mama mkwe wangu."

Kichwa kikanivimba. Mbele ya ofisi nzima nikataja kila kitu kwa sauti ya mwalimu: kunde, dengu, nyanya, bizari, na vijiko viwili vya ule unga ambao mama hunitumia kutoka nyumbani, ambao kwetu hukaa kwenye rafu kando ya chumvi.

"Unga wa nini?"

"Wa omena, madam."

Kijiko chake kikasimama hewani. Hapo ndipo nilipokumbuka, kwa mara ya kwanza maishani mwangu, kwamba omena ni samaki.

"Lakini ni wadogo sana," nikasema.