Asubuhi Niliyowanyamazia Tembo

Mwanangu, ipo asubuhi moja nikiikumbuka nywele zinanisimama, ingawa zenyewe zimebaki chache.

Nilikuwa kijana, nimeoa juzi tu, nalima huku juu Karatu, shamba limepakana na msitu wa Ngorongoro. Jirani yangu aliitwa Amsi, kanizidi umri. Tuligombana kwa ajili ya nini? Majani ya maboga! Maboga yake yalitambaa yakavuka mpaka, mke wangu akachuma majani, mke wa Amsi akamwita mwizi. Ningecheka, yangeisha. Lakini mimi, kichwa moto, nikang'oa shina zima. Amsi akatufungia njia ya kisimani. Nami nikampiga mbuzi wake, mguu ukavunjika. Salamu zikafa. Usipoziba ufa utajenga ukuta.

Sasa huku kwetu, ukiona tembo unapiga debe kuwatisha na kuamsha watu, hata kama shamba si lako. Alfajiri moja, mahindi yamekomaa, natoka nje, nikawaona. Loo! Tembo sita, wakubwa kama nyumba, wanaingia kwa Amsi bila kishindo. Mungu wangu, kiumbe mkubwa vile atembee kimya namna ile! Debe lilikuwa miguuni pangu. Nikasema moyoni, acha akome.

Mwenzako akinyolewa, chako tia maji. Walipomaliza kwake, jike mmoja akainua mkonga, akanusa, akavuka mpaka kuja kwangu, wengine wakamfuata, wakaanza kula. Mahindi yale ndiyo chakula chetu cha mwaka, na mke wangu alikuwa mjamzito. Hofu ikanishika, hata debe nikalisahau.

Ndipo nikasikia debe. Amsi! Shamba lake limelala chini lote, naye amesimama kwenye langu, anapiga na kupiga yowe. Tembo wakageuka, wakarudi msituni. Nusu ya mahindi yangu ikapona.

Nikamwambia, "Kaka, niliwaona mapema. Nilinyamaza."

"Najua. Nilipotoka nilikuona umesimama, debe liko miguuni pako. Lakini mkeo na huyo mtoto wa tumboni wangekula nini?"

Tembo niliwaogopa, mwanangu. Mtu yule nilimstaajabia, na namstaajabia hadi leo. Mahindi yaliyobaki tukayala nyumba mbili.

Basi shika hili: neno dogo limalize lingali dogo. Na hata mkiwa hamsemezani, jirani akifikwa na baya, mkimbilie kwanza, ugomvi utasubiri. Mungu akujalie mvua kwa wakati wake, wanao wakue, na asikuonjeshe aibu niliyoionja mimi.