Nyeupe ya Msahafu, Nyeusi ya Wateja

Katika ukoo wetu mimi ndiye fundi wa simu, cheo ambacho sikukiomba na hakina mshahara. Shangazi akisahau namba yake ya siri, naitwa. Picha za harusi zikipotea, naitwa. Kwa hiyo baba aliponipigia kazini kwangu Mikocheni akataka nipite Temeke nikitoka, nilijua ni simu, nikaanza kukasirika kabla sijafika. Mara ya mwisho alikuwa ameibonyezabonyeza mpaka ikageuka Kichina, na akashikilia kwamba imegeuka yenyewe.

Nilimkuta dukani kwake, katikati ya magunia ya viungo, simu iko mapajani.

"Shikamoo, baba."

"Marahaba, binti yangu. Kaa. Hii app ya meseji za wateja naitaka nyeusi."

"Nyeusi vipi?"

"Kama ya kwako. Nyuma peusi, maandishi meupe."

Nikamwambia hilo jambo dogo, nitamwekea simu nzima iwe nyeusi, tumalize. Akakataa. Alitaka hiyo moja tu. Msahafu wake wa kwenye simu uachwe mweupe, kama karatasi. Nikaingia kwenye mipangilio ya ile app, nikatafuta mandhari, nikachagua nyeusi, nikamrudishia. Akaifungua na kuifunga mara kadhaa. Kisha akafungua msahafu, akaufunga. Akaonekana ameridhika, akaniagizia chai.

Hakukomea hapo. Leo anataka daftari la majina ya watu liwe jeusi, kesho amebadili, linamchanganya na ile app ya wateja, liwe jeupe. Keshokutwa jeupe nalo linamchanganya na msahafu. Akaniuliza kama hakuna kijivu. Nikamwambia kijivu hakuna, akasikitika kama mteja aliyeambiwa iliki imekwisha. App ya pesa ndiyo iligoma kabisa, haikuwa na nafasi ya kuchagua, ilikuja na wekundu wake toka kwa walioitengeneza.

"Nyekundu inafaa," akasema. "Hiyo iache."

Nikamtania kwamba siku hizi anaipamba simu kama bibi harusi. Akatabasamu. Nilifikiri mwanga unamuumiza macho, jambo la kawaida kwa mtu wa umri wake. Mimi mwenyewe simu yangu yote ni nyeusi, kila app, kwa sababu weupe hunichoma. Sikuona cha ajabu.

Sharti niseme habari za babu, maana bila yeye hofu yangu haitaeleweka. Babu, baba yake baba, alikuwa haoni. Nyumbani kwetu lile neno halitamkwi. Tulisema "babu hatoki," kana kwamba ni uamuzi wake, kama mtu asiyependa jua. Nilipokuwa mdogo nilimwogopa. Alikaa barazani, akisikia hatua anageuza uso, na ukimkaribia anakushika mashavu kwa mikono miwili ajue ni mtoto gani. Nilikuwa napita uani ili nisishikwe. Baba ndiye aliyekuwa akimwongoza tangu utotoni, kumpeleka msikitini na kumrudisha, na mpira wa barabarani aliusikia tu kwa mbali. Hakuwahi kulalamika. Ila macho yakitajwa tu, hata kwenye taarifa ya habari, baba huondoka chumbani.

Basi ilikuwa Jumapili, baada ya sala ya alasiri. Nilikuja na mkate wa ufuta. Mlango wa nyumba, ule wa nyuma ya duka, ulikuwa wazi, na nilimsikia akisoma Yasin, sura wanayosomewa marehemu, kabla sijamwona. Alikuwa amekaa juu ya mswala, miwani imevaliwa, simu mkononi, kidole kinasogeza maandishi taratibu, aya baada ya aya. Nikavua viatu, nikasimama nyuma yake nisimkatishe. Nampenda baba akisoma. Sauti yake hulainika.

Kisha nikaangalia simu.

Ilikuwa nyeupe, lakini haikuwa msahafu. Ilikuwa mazungumzo na mteja. Kulikuwa na picha ya gunia, na chini yake mtu ameandika, "Asalaam aleikum mzee, ile pilipili manga imefika?" Kidole cha baba kikapita juu ya lile gunia, kikaenda juu zaidi, kwenye salamu za wiki iliyopita, na yeye anaendelea na Yasin, herufi zote mahali pake, bila kukosea. Anaijua kwa moyo tangu chuoni, kwenye madrasa ya utoto wake.

App ya wateja ilikuwa imejisasisha usiku, kama zinavyofanya, ikarudi kwenye weupe wake wa kuzaliwa.

Niliogopa, sijui namna nyingine ya kulisema. Yote yakanijia kwa pamoja: kijivu alichokitaka, nyekundu iliyofaa, wateja aliowaambia waache kuandika watume sauti kwa kuwa mikono yao itachoka. Kule dukani hakuna aliyegundua kwa sababu baba huvijua bizari na mdalasini kwa pua, na daima amevijua kwa pua. Hakuwa akiipamba simu. Alikuwa akiitia alama, ili ajue amefungua nini.

"Baba, unasoma nini?"

Hakushtuka. "Yasin. Husikii?"

"Nasikia. Unaisomea wapi?"

"Kwenye msahafu, mwanangu, wapi tena?" Akaigeuza simu anionyeshe.

Nikaishika simu, nikaiachia, na hilo ndilo lililomwambia. Akairudisha simu karibu na pua, akaitazama kwa pembe, kisha kwa pembe nyingine.

"Si nyeupe hii?" Sauti yake ilikuwa ndogo.

"Nyeupe. Lakini ni ya wateja, baba. Imejigeuza."

"Nimemfungua nani?"

"Yule mama wa Mabibo, wa pilipili manga."

"Maskini ya Mungu," akasema. "Nimemsomea Yasin, na yu hai."

Nikacheka, naye akacheka. Halafu machozi yakaanza kunitoka bila sauti, na hapo ndipo nilipoogopa zaidi ya mwanzo. Nilikuwa nimepiga magoti mbele yake, uso wangu umelowa, na yeye bado anatabasamu, anatabasamu kuelekea begani kwangu.

"Tangu lini?" nikamuuliza.

"La kushoto siku nyingi. La kulia limebaki kitundu tu. Naona kupitia humo."

"Na hukusema?"

"Nikisema ndiyo itakuwa."

"Mficha maradhi, baba..."

"Methali hiyo naijua kabla hujazaliwa." Akaizima simu, akaiweka kwenye mswala. "Sikiza. Mimi nimemshika baba yangu mkono tangu nina kimo cha meza. Najua mkono ule unavyokuwa. Unakushika kama unazama. Sitaki wewe ushikwe hivyo."

Sikulala vizuri siku zilizofuata. Nilikuwa nampigia kwa visingizio, nimsikie yuko wapi, amekaa au anatembea. Akichelewa kupokea namwona akilini ameanguka chini ya ngazi ya stoo. Nikamrudishia app ya wateja kwenye weusi, nikafunga na ule mtindo wa kujisasisha, na nikaikagua mara tatu kazi ambayo naifanya kila siku huku nimefumba macho. Hata msemo huo ulinikaa vibaya.

Tulibishana mpaka akachoka. Akakubali kwenda hospitali kwa sharti moja, kwamba nisimshike mkono mbele za watu. Nikakubali. Tukaingia getini mimi nimetangulia nusu hatua, na yeye nyuma yangu ameubana upindo wa mtandio wangu kwa vidole viwili, kama mtu anayeutoa vumbi. Kila nilipopunguza mwendo niliusikia ukivutwa kidogo. Kwenye ngazi nikahesabu kwa sauti, kama ninayeongea peke yangu, naye akajifanya hasikii.

Daktari alikuwa mwanamke kijana, mpole, asiyezungukazunguka. Alimpima, akamwekea matone, akampima tena, akakaa.

"Mzee, hii ni presha ya macho. Imekula pembeni kote, sasa inakuja katikati. Kilichopotea hakirudi, nisikudanganye. Kilichobaki tutakilinda kwa dawa ya matone, asubuhi na jioni, maisha yako yote. Usiache."

"Msahafu nitasoma?"

"Kwa herufi kubwa, kwa sasa, ndiyo."

Baba akaitikia kwa kichwa. Nilimwona akilipima lile "kwa sasa" kama anavyopima karafuu kiganjani.

"Kuna mwingine nyumbani aliyepata matatizo ya macho?" daktari akauliza.

Nilidhani atasema babu hatoki. Alikaa akishikashika kofia yake, kisha akasema, "Baba yangu alikuwa kipofu." Sikuwahi kulisikia neno hilo kinywani mwake. Lilitoka kwa shida, likabaki pale mezani kati yetu sote.

Daktari akanigeukia mimi. "Dada, huu ugonjwa unapita katika damu. Wewe umepimwa lini?"

"Sijawahi. Lakini mimi naona vizuri."

"Na mzee alikuwa anaona vizuri. Hauumi, hausemi. Mashine ipo, twende sasa hivi."

Nikasema nina kazi, nitarudi wiki ijayo. Nikasema sijamuaga bosi. Nikasema baba hawezi kukaa peke yake kwenye benchi. Nilisikia ninavyoongea haraka.

"Mpime," baba akamwambia daktari.

Chumba chenyewe kilikuwa kidogo na chenye giza. Mtaalamu wa mashine, kijana mmoja, akanibandika kitambaa jicho moja, akaniweka kidevu kwenye kikombe cha plastiki, akanipa kitufe mkononi. Mbele yangu kulikuwa na bakuli kubwa jeupe. Maelezo yakawa mepesi: tazama katikati, usiyumbishe jicho, vitatokea vinuru vidogo huku na huko, vingine hafifu sana. Ukiona, bonyeza.

Kikatokea kimoja, nikabonyeza. Kikatokea kingine, nikabonyeza. Nikaanza kupumua. Halafu hakikutokea kitu. Nikasubiri. Hakikutokea kitu, na mashine inalia tiki, tiki, na mimi sijui kama hakuna nuru iliyowashwa au imewashwa na mimi sikuiona. Ukiwa mle ndani hakuna wa kukuambia. Nilimwona babu anageuza uso barazani. Nikabonyeza. Nikasubiri kidogo, nikabonyeza tena, kwa mpangilio mzuri, kama mtu anayeona.

Mashine ikanyamaza. Taa ikawashwa.

"Dada," yule kijana akasema, bila ukali. "Umebonyeza mara nyingi wakati sijaonyesha kitu."

Nje ya mlango nilimsikia baba akikohoa, akiuliza watu kama binti yake amemaliza.

"Tuanze upya," kijana akasema. "Safari hii bonyeza ukiona tu. Usipoona, acha."

Akazima taa.