Njoo Unikatalie Mwenyewe

Naikumbuka vizuri siku ile, Neema mwanangu, kwa sababu ndiyo siku niliyoitwa Mchina kwa Kiswahili, na mtu aliyedhani simwelewi.

Ilikuwa Louisville, majira ya baridi, mwaka wangu wa kwanza chuoni. Nilikuwa kwenye foleni ya duka la vyakula vya Kiafrika, nimejitwika mfuko wa mchele begani, nawaza mambo yangu. Nyuma yangu alisimama mama mmoja aliyejifunga kitenge juu ya koti zito, na ubavuni mwake binti wa rika langu. Mama akamwambia binti:

“Angalia kale ka Muchina. Kanabeba muchele kama mutu mwenye anakimbia vita.”

Nikageuka. “Shikamoo, mama. Mimi si Mchina, ni Mfilipino. Na sikimbii vita, nakimbia baridi.”

Pakiti ya ndagala, dagaa wakavu wa kwao, ikamponyoka mkononi. “Yesu wangu!” akasema, akimshika binti yake mkono. “Kanasikia!”

Mama huyo ni bibi yako Esperansi. Yule binti ni mama yako Furaha, ambaye alicheka mpaka akakaa juu ya magunia ya unga. Bibi hakujua kuitikia shikamoo, maana kwao Kongo, kule milimani Kivu ya Kusini, salamu hiyo hawaitumii, lakini alinishika kiwiko na hakuniachia mpaka tulipofika kwake. Nilikula bugali na sombe, ugali na kisamvu vya kwao, siku hiyo kama mtu aliyetoka hospitali. Ukimpigia simu leo atakusimulia yote haya, ila ataruka pale pa Mchina.

Nakuambia hivi kwa sababu wiki hii hukuja mazoezini. Mama yako ananiambia unaumwa tumbo. Juzi mchana nikakuona hapa Buffalo, Grant Street, umebeba unga wa muhogo, unatembea upesi kama mtu asiye na tumbo kabisa. Sikukuita. Nilikijua kinachokuuma, maana na mimi kiliwahi kuniuma, hapo hapo Louisville.

Wewe unanijua kama tantini Tesi, shangazi na kocha wako. Wengine hapa Buffalo wanajua tu kwamba niliwahi kucheza mpira wa wavu wa kulipwa. Nilikotokea ni hivi. Nilizaliwa Ufilipino, lakini nilikuwa bado nanyonya baba yangu alipopata kazi ya kusimamia mitambo ya kiwanda cha chai huko Mufindi, Iringa. Mama alikuwa nesi. Ndani ya nyumba tulizungumza Kitagalogi, na nje, kwa majirani walionilea mchana kutwa, Kiswahili. Mpaka leo nikijikwaa natamka “mama wee” kabla sijakumbuka mimi ni kabila gani.

Kule shuleni nilikuwa mfupi kuliko wote, na nilikuwa napiga smashi ambazo hakuna aliyezizuia. Niliruka, mwanangu. Wasichana wa shule nyingine walikuja wakiuliza yule Mhindi mdogo yuko wapi. Watu hawajawahi kulipatia kabila langu, nimeshazoea. Shangazi yangu aliyekuwa nesi Louisville akapeleka mkanda wa video kwa kocha wa chuo kimoja, na chuo kikanichukua nisome na kucheza. Nilipanda ndege nikiamini Marekani nzima inaningoja niruke.

Kocha wetu alikuwa mwanamke mrefu wa maneno machache. Muhula ulipokolea, alisimama mbele ya timu nzima akanirushia jezi ya rangi tofauti na za wenzangu. “Kuanzia leo wewe ni libero,” akasema, na mazoezi yakaendelea.

Wewe unajua maana yake. Libero hukaa nyuma kupokea mipira. Haruki kupiga smashi, hazuii, hapigiwi picha. Nilijiona kama bibi harusi aliyeambiwa akaoshe vyombo siku ya harusi yake. Nilivaa ile jezi, nikamaliza mazoezi, na kesho yake nikatuma ujumbe kwamba naumwa. Siku zilizofuata nikaumwa tena. Nikaanza kupanga kimyakimya jinsi ya kurudi Iringa bila kumwambia mtu.

Katika kuumwa kwangu huko nilishinda kwa bibi yako. Alasiri moja alikuwa mezani anachambua maharage, ametoka kazini, viatu amevua. Mama yako alikuwa sofani na vitabu vyake. Bibi akaniuliza:

“Leo hauna mupira?”

“Naumwa, mama.”

Akanyoosha mkono, akanigusa paji la uso. “Hakuna moto hapa. Bon. Sema kweli.”

Nikamwambia yote: jezi, aibu, safari ya kurudi. Nililia pia. Nilitegemea anionee huruma, maana alikuwa mtu wa huruma. Yeye akaendelea kuchambua maharage mpaka nilipomaliza.

“Donc, basi, ile kocha anajua kama umekasirika?”

“Hapana. Anajua naumwa.”

“Kumbe unakasirikia mutu mwenye hajue. Yeye pengine anakuombea upone.”

“Mama, mwache,” Furaha akasema kutoka sofani.

“Siwezi kumwacha. Nani mwingine atamwambia?” Akasukuma bakuli pembeni. Sijawahi kumwona mkali vile, tena bila kupandisha sauti. “Tesi, sikiliza. Mimi nilitoka kwetu bila kuaga mutu. Vita haikuniuliza. Rafiki yangu wa kanisa, tulikuwa tunalima pamoja, sikumwambia hata neno moja, na sijue kama iko muzima. Ile inaniuma mpaka leo. Weye hakuna mwenye anakufukuza. Kwa nini utoke kama mwenye kufukuzwa?”

Nikafuta machozi, naye akaendelea:

“Kama unakatala, katala. Siyo zambi. Lakini utaenda mbele yake, utasimama, utasema kwa mdomo yako. Kisha utangoja akujibu. Kungoja njo kunashinda watu. Wanasema yao, wanakimbia. Weye utangoja. Kisha utakuya hapa, tutakula.”

Asubuhi yake nikaenda. Mlango wa ofisi ya kocha ulikuwa wazi, na nilipita mbele yake mara kadhaa kama mtu anayetafuta choo. Mwishowe nikaingia.

“Sitaki kuwa libero,” nikamwambia. “Mimi ni mpigaji. Na sikuwa naumwa.”

Halafu nikangoja. Bibi yako alisema kweli, kungoja kulikuwa kugumu kuliko kusema.

Kocha alivuta kiti akanionyesha nikae. “Nilidhani hutakuja,” akasema. Kisha akaniambia alichokuwa anakiona. Pale mbele nilikuwa napambana na wasichana walionizidi kichwa na mabega, na kila nilipotua alisikia magoti yangu yakilalamika. Nyuma ilikuwa habari nyingine. “Unafika mpira unapoangukia kabla mpigaji hajaugusa,” akasema. “Nimefundisha muda mrefu, sijui hiyo unaifanyaje. Ulijifunzia wapi?”

Nikaanza kucheka, Neema, machozi bado yamo machoni. Nilijua nilikojifunzia. Uwanja wetu wa shule kule Mufindi ulikuwa mtelemko. Mpira ukikupita, ulibingirika mpaka chini kwenye mashamba ya chai, na sheria yetu ilikuwa kwamba aliyeukosa ndiye anayeufuata. Kwenye umande, miguu mitupu, na mwalimu anapiga kelele muda umekwisha. Utoto wangu wote niliogopa kitu kimoja tu uwanjani: kuuacha mpira ugonge chini. Sikuwahi kudhani kwamba hicho ni kipaji. Nilidhani ni uvivu wa kutelemka.

Nilimsimulia, naye akacheka. Akasema alipaswa kuniambia haya kabla ya kunirushia jezi, si baada. Nami nikaomba kitu: mazoezi yakiisha, niachiwe uwanja nipige smashi zangu kidogo, kwa furaha yangu tu. Akakubali. Basi nikawa libero, na jioni nikaenda kwa bibi yako, tukala maharage.

Hayo ndiyo yaliyonipa maisha, mwanangu. Baada ya chuo nilikwenda Manila, nikachezea klabu za kulipwa miaka mingi. Kule nako walinishangaa, Mfilipino anayezungumza Kitagalogi kwa lafudhi ya Iringa. Baba yangu alikuwa amestaafu na kurudi kwao, akawa anakuja kila mechi na kofia yake ya kiwanda cha chai. Nilipoibuka na mpira ambao watu walishauhesabu umekufa, ukumbi mzima ulisimama. Kumbe libero naye hupigiwa picha, ila ni lazima awe chini sakafuni kwanza.

Halafu timu za wanawake za kulipwa zikaanza kushika kasi huku Marekani, na timu ya Columbus ikaniita. Nilikuwa mkubwa kuliko wote kwenye timu. Wale wasichana waliniita bibi, na katika mchezo huu kweli nilikuwa bibi. Nilipanga nyumba Westerville, kando ya jiji hilo. Bibi yako alikuja kutoka Louisville na watu wa kanisa lake, wakajaza mstari mzima wa viti, na kila nilipojitupa sakafuni sauti yake ilisikika ukumbi mzima: “Inuka, ka Muchina kangu! Inuka!” Wenzangu waliuliza anasema nini. Niliwaambia ananiombea.

Sasa nisikudanganye. Ukisema kweli mbele ya mtu, si kila mara mambo hunyooka. Tulifika kwenye mechi kubwa kuliko zote za msimu, na asubuhi yake goti langu likaamka limevimba. Ningeweza kulifunga na kunyamaza, wachezaji wengi hufanya hivyo. Nikaenda kwa kocha, kijana mmoja mwenye haraka, nikasimama mbele yake.

“Leo siwezi,” nikasema.

“Tesi, hii ndiyo mechi yenyewe.”

“Najua. Ndiyo maana nimekuja sasa, upate muda wa kumwandaa mwingine.”

Hakunishukuru. Msichana aliyechukua nafasi yangu alicheza kwa roho yake yote, na tukashindwa. Nikitoka ukumbini nilimsikia shabiki akisema kwa sauti kwamba mzee ameogopa. Iliniuma sana. Msimu ulipoisha hawakunipa mkataba mwingine. Lakini daktari alipolitazama lile goti, aliniambia kwamba kama ningecheza siku ile, huenda nisingekimbia tena. Sasa nakimbia. Kila Jumamosi nakimbia na nyinyi kuzunguka ule ukumbi wa kanisa tunamofanyia mazoezi, na nyinyi wenye miaka kumi na sita ndio mnaolalamika.

Mama yako, aliyekuwa ameshahamia huku, ndiye aliyenileta Buffalo. Alinipigia simu akasema huku kuna wasichana wengi, Wakongo na Warundi, wanarushiana mpira kwenye maegesho ya magari kwa kuwa hakuna wa kuwafundisha. Nilikuja kuangalia tu. Nikabaki. Nimekuwa na viwanja vizuri zaidi na mashabiki wengi zaidi, lakini sijawahi kuwa na raha kama ninayoipata nikiwasikia mkibishana kwa Kiingereza, mnahesabu pointi kwa Kiswahili, na mnasingiziana kwa Kifaransa.

Ndiyo maana nafasi yako pale ukumbini naiona tupu wiki nzima. Wiki iliyopita nilikutoa mbele kwenye upigaji, nikakuambia uwe seta, umpangie mwenzako mipira apige yeye. Ulijibu “oke,” ukachukua begi lako, ukaondoka. Na mimi, pamoja na yote niliyopitia, nilikutangazia hivyo mbele ya wenzako wote bila kukupa sababu. Mtu anaweza kuona kosa la mwalimu wake vizuri kabisa na bado akalirudia. Nisamehe kwa hilo.

Sababu ninayo. Sitaituma kwa simu wala kupitia kwa mama yako. Njoo uisikie mwenyewe. Huenda ikakuridhisha, huenda isikuridhishe. Ukiniambia hutaki kuwa seta, nitakusikiliza mpaka mwisho, na inawezekana kabisa mimi ndiye niliyekosea.

Nasaha yangu ni hii, mwanangu, nawe utaihitaji hata siku ambayo mpira umekwisha, kazini, kwenye ndoa, popote. Una haki ya kukataa. Usikubali mtu akuambie msichana mwenye adabu hakatai. Lakini usikatae kwa kupotea. Aliyekukosea mtafute, simama mbele yake, sema neno lako kwa upole na kwa ukamilifu, kisha usikimbie. Baki usikie atakachojibu. Ukiondoka baada ya hapo, umeondoka kwa hiari yako na huna deni la maneno moyoni. Ukibaki, umebaki kwa hiari yako pia.

Mungu wa bibi yako aliyewavusha mipaka yote ile akupe sauti isiyotetemeka, na ikitetemeka akupe ujasiri wa kuendelea kusema. Akulindie magoti yako. Akupe watu wa kukuambia kweli mezani na kukupakulia chakula baada ya kukuambia. Na akulete ukumbini Jumamosi, mlango utakuwa wazi.