Zamu ya Felisia Kwenye Kisima cha Wamaya

Lander alikuwa na tabia moja ambayo wafanyakazi wake wengine waliiona kama mzaha wa mzee, lakini Felisia aliijua ladha yake. Mzee yule alizaliwa Bukavu, kwenye shamba la chai la baba yake, na Kiswahili alikipata kwa yaya kabla hajajua lugha ya mama yake mzazi. Siku za kawaida ofisini alisema Kifaransa na kila mtu. Kiswahili alikitoa kabatini kama vikombe vya wageni, pale tu alipotaka kumnyima Felisia kitu.

Kwa hiyo Jumatatu ile ya Novemba, sauti ilipotoka chumba cha ndani ikisema, "Maman Felisia, kuya huku kwanza, ikala," Felisia alivuta pumzi, akaweka simu chini, akaenda.

"Ikala, maman."

"Nimesimama vizuri, Monsieur Lander."

"Ikala tu kidogo."

"Nitasikia hivi hivi."

Lander akakuna sikio. "Bon. Ile voyage ya Januari. Ni Saskia, ule mupya, atakwenda. Weye hapana. Unaelewa, sivyo?"

Hapo inabidi niwaeleze hiyo safari ya Januari ni kitu gani, maana bila hiyo mtadhani mama wa watu anagombania likizo.

Ofisi ile iko Brussels, ghorofa ya pili nyuma ya stesheni ya Gare du Nord, mahali ambapo minara ya maofisi hulitia jua mfukoni kabla ya saa tisa. Inauza kitu kimoja hasa: matembezi ya siku moja kwa Wabelgiji waliokwenda kupumzika kwenye hoteli za pwani ya Meksiko. Asubuhi wanapelekwa kwenye magofu ya Wamaya, yale mahekalu ya mawe waliyojenga watu wa kale. Adhuhuri wanaogelea ndani ya kisima cha mwamba, shimo kubwa la maji baridi, maangavu kama kioo. Alasiri wanalazwa ufukweni hadi basi liwarudishe. Wateja hununua wakiwa bado Brussels, wamevaa makoti.

Sasa, kila Januari mwenye ofisi humtuma mfanyakazi mmoja akaifanye siku hiyo yote kama mteja. Akirudi anaitwa muonjaji. Na desturi ya pale ni kwamba muonjaji peke yake ndiye anayeruhusiwa kuzungumza na makundi makubwa na kwenda kuwatembelea kwenye vyama vyao. Wengine wanabaki na simu za mtu mmoja mmoja na malalamiko. Zamu hufuata miaka ya kazi. Felisia alikuwa na miaka kumi na mmoja. Zamu yake ilikwisha rukwa mara mbili: mara ya kwanza kwa sababu mwenzake alikuwa anaolewa na safari ingekuwa zawadi nzuri, mara ya pili kwa sababu, walisema, simu hazina mtu mwingine.

Na ni kweli hazikuwa na mtu mwingine. Felisia aliingia ofisi ile akiwa na ndoo na fagio. Alikuja Ubelgiji kutoka Kashozi, karibu na Bukoba, akimfuata mume, na mume alipokwenda njia yake, yeye akabaki. Miaka minne alilea watoto wa familia moja ya Kihispania huko Auderghem, akajifunza Kihispania jikoni, kwa sufuria na makaripio. Baadaye akawa msafishaji. Alasiri moja alikuwa anapiga deki pale ofisini, simu ikalia, hakuna wa kuipokea. Akaipokea. Upande wa pili alikuwa Eusebio, kiongozi wa matembezi huko Meksiko, anapiga kelele kwamba basi limekwama na watu ishirini wanaungua jua. Felisia akamtuliza, akapiga simu mbili, basi jingine likafika. Kesho yake akapewa kiti. Cheo hakupewa, kiti tu.

Turudi chumba cha ndani.

"Kwa nini siendi?" aliuliza.

"Assurance, maman, bima. Weye haujue kuogelea. Nitakutuma vipi mu shimo ya mayi ya mètres kumi? Ukizama, mi nasema nini?"

"Wateja wetu unawauliza kama wanajua kuogelea kabla hawajanunua?"

"Wateja ni wateja."

"Basi nipeleke kama mteja. Si ndiyo maana ya kuonja?"

Lander akacheka, kile kicheko cha kutafuta mlango. "Aa, maman. Uko na kichwa nguvu."

"Ninacho. Ndicho kinachojibu simu zako."

Akatoka. Watu wa Bukoba wana sifa ya kujisikia, Tanzania nzima inawatania hivyo, na siku ile Felisia hakuona sababu ya kuikanusha.

Jirani yake huko Anderlecht ni Émérance, mwanamke wa Uvira mwenye mabega mapana na sauti ya kuamsha jengo. Alipoelezwa alipiga paja. "Ni hiyo tu? Ma chère, unalilia kitu ya piscine? Mardi tunaenda. Utajifunza, utamuonesha ule mundele, ule muzungu wako!"

Jumanne jioni wakaenda kwenye bwawa la mtaa. Felisia alikulia kando ya ziwa kubwa kuliko Ubelgiji nzima, lakini mama yake aliwakataza mabinti kuingia, kwa ajili ya kichocho na mamba, kwa hiyo ziwa alilijua kwa kuchota. Alishuka bwawani taratibu mpaka maji yakamfika kifuani. Wala hakuogopa. Maji yalikuwa ya uvuguvugu, yalimbeba mikono, akayapenda. Mwalimu, mwanamke mwembamba mwenye filimbi shingoni, akamwambia kwamba wiki nane zinatosha, Januari atakuwa anaelea.

"Umesikia!" Émérance akapiga makofi majini, akamlowesha bibi mmoja aliyekuwa anapita na kofia ya maua. "Pardon, madame! Umesikia, Felisia? Wiki nane!"

Felisia akageuka. Kisha akaanza kupanda ngazi.

"Unaenda wapi? Hata kichwa haujaweka ndani!"

"Narudi nyumbani."

"Woga?"

"Hasira." Akajifunga taulo. "Nikijifunza kwa ajili ya Januari, nitakuwa nimekubali."

"Umekubali nini?"

"Kwamba zamu yangu ina sharti ambalo za wenzangu hazikuwa nalo. Thérèse alikwenda mwaka juzi mguu ukiwa kwenye plasta. Siku nzima alikaa benchi kule kisimani, anapiga picha. Nani alimuuliza habari za bima? Akarudi, akaitwa muonjaji, na watu wakampigia makofi."

"Lakini kuogelea ni kuzuri, ma chère."

"Kuzuri sana. Nitajifunza siku nitakayotaka mwenyewe. Kile kilicho changu sikinunui."

Émérance akamtazama, maji yakimchuruzika puani. "Ninyi ba Tanzanie," akasema, "munaongeaka polepole, kumbe ndani ni moto."

Zikapita siku tisa. Saskia, ambaye alikuwa na miezi minane kazini, akapewa makundi kabla hata ya kusafiri, ili azoee. Hakuwa msichana mbaya. Alikuwa hajui kitu, basi, na hilo si kosa la mtu. Ilikuwa kazi ya Felisia kukaa kando yake kundi kubwa likipiga, sauti ya simu ikiwa imefunguliwa chumba kizima kisikie, na kumwandikia majibu kwenye vikaratasi. Vikaratasi hivyo Felisia alivianza tangu enzi za waonjaji waliotangulia. Magofu yanafunguliwa saa ngapi, choo kiko wapi, mzee mwenye goti bovu apite njia ipi. Yote alikuwa ameyapata kwa Eusebio na kwa wateja waliorudi wakinung'unika.

Alhamisi akapiga Mariette, mwenyekiti wa chama cha wastaafu huko Auderghem. Watu ishirini na sita. Lander mwenyewe akatoka chumbani kusikiliza, mikono nyuma.

"Nina swali moja tu," Mariette alisema. "Kumi na mmoja kati yetu hawajui kuogelea. Wenzao wakiwa majini, wao watafanya nini? Kuna mahali pa kushika? Ukishuka, maji yanakufika wapi?"

Saskia akageuza macho kwenye mkono wa Felisia. Kalamu ilikuwa mezani, imelala. Felisia alikuwa amekunja mikono.

"Ni... ni pazuri sana, Madame," Saskia akasema.

"Sikuuliza kama ni pazuri, binti yangu."

Uso wa Saskia ukaiva. Lander akainama sikioni kwa Felisia, akanong'ona, "Maman, tafazali. Andika."

Felisia akamjibu kwa Kifaransa, kwa sauti yake ya kawaida, karibu kabisa na simu. "Niandike nini, Monsieur Lander? Mimi sijaonja."

"Nani huyo?" Mariette akauliza.

Hapa ndipo mtu mwingine angekohoa, angesema samahani, angerudi nyuma. Felisia akasogeza kiti mbele.

"Naitwa Felisia, Madame. Nimepokea simu za ofisi hii miaka kumi na mmoja. Sijui kuogelea, na kisimani sijafika. Yote ninayoyajua nimeambiwa na kiongozi wetu, naye anaogelea kama samaki, kwa hiyo hajui asiyeogelea anaogopa nini. Maji usiyoyafika hujui wingi wake. Nakuomba usinunue leo. Mwezi wa kwanza nitakwenda, nitaingia mpaka pale mtu kama mimi anapoweza kuingia, kisha nitakuja Auderghem kuwaeleza ana kwa ana. Mkiona hapafai, msinunue."

Lander alikuwa amefumbua mdomo kama mtu aliyemeza mfupa.

"Hilo ni jibu," Mariette akasema polepole. "Unakwenda tarehe ngapi?"

Felisia akamgeukia mwajiri wake. Hakunong'ona. "Tarehe ngapi, Monsieur Lander?"

Watu ishirini na sita walikuwa wanasubiri kwenye waya. Lander akaitazama simu, akamtazama Saskia. Na Saskia, akiwa ameinamisha kichwa, akasema kwa sauti ndogo, "Ni tarehe kumi na nne. Tiketi bado haijaandikwa jina."

"Kumi na nne," Lander akasema mwishowe.

"Nimeandika," Mariette akasema. "Kumi na nne, Madame Felisia. Tunakungoja."

Simu ilipokatwa, Lander akabadilika rangi. "Umenifunga mbele ya mteja!"

"Nimekufunga mara moja. Hesabu na zako."

"Na bima?"

"Ile ile iliyompokea Thérèse na plasta yake. Nitavaa jaketi la kuelea kama mteja yeyote. Nikikataa kuvaa, nifukuze."

Hakumfukuza. Alijifungia chumbani hadi jioni, na jina lililoandikwa kwenye tiketi lilikuwa la Felisia. Saskia ndiye aliyeliandika, akahakikisha herufi mara mbili.

Januari akafika kule. Eusebio, ambaye kwa sauti alimdhani jitu, alikuwa mtu mfupi wa kumfika begani, mwenye kofia ya majani. Walikumbatiana mbele ya wateja kama ndugu waliopotezana. Magofu aliyatembea na kikundi, akasikiliza habari za wafalme na nyota, akaona mijusi mikubwa ikiota jua juu ya mawe ya hekalu kama wenye nyumba. Adhuhuri wakashuka kisimani.

Ngazi zilikuwa za mbao. Felisia akashuka na jaketi lake: ya kwanza, ya pili, ya tatu. Hapo mbao zilikuwa na utelezi wa kijani, akashika ukingo wa ngazi kwa mikono miwili. Maji yakamfika kiunoni. Mbele yake ilikuwepo kamba ya kushika, imevuka kisima chote, nzuri kabisa. Ila ilianzia mbali na ngazi, kama urefu wa mikono miwili. Ili uishike ilikupasa kwanza uachie ngazi, na katikati hapakuwa na kitu isipokuwa maji meusi yanayokwenda chini. Miaka yote ile hakuna aliyeliona pengo hilo, maana walioogelea walilivuka bila kujua, na Thérèse alikuwa benchi.

"Twende, Felisia!" Eusebio akaita kutoka katikati. "Ruka! Jaketi litakubeba!"

"Siruki. Leta kamba."

"Kamba si hiyo hapo?"

"Hiyo ni ya kwenu mnaoogelea. Leta nyingine, uifunge hapa kwenye ukingo, ikutane na ile."

"Leo? Tuna watu, tuna ratiba, ufukwe unatungoja..."

"Ufukwe hauna miguu. Mimi sitoki ngazi hii mpaka kamba ifike mkononi."

Wakangoja. Wateja wengine wakanung'unika kwa Kiflemi, wakidhani haelewi. Akawajibu kwa Kiflemi kwamba watapata jua la kutosha. Bibi mmoja aliyekuwa amekaa benchi na viatu vyake akasimama, akaja kukaa ngazi ya juu, nyuma ya Felisia. Baada ya nusu saa na zaidi Eusebio akarudi na kamba ya basi, akaifunga. Felisia akaivuta kwa nguvu zake zote kuijaribu. Kisha akaachia ngazi, akaenda, mkono mbele ya mkono, hadi katikati ya kisima cha Wamaya, chini ya tundu la anga. Bibi yule akamfuata.

Ufukweni walifika wamechelewa, wakapata saa moja badala ya mbili. Felisia alikula samaki wa kuchoma kwa vidole, akalala mchangani na nguo zake zote.

Februari akapanda metro kwenda Auderghem, kwenye ukumbi wa wastaafu, akawaeleza bila sukari: magofu yana kivuli kidogo, ngazi ya tatu inateleza, kamba mpya ipo na ameivuta mwenyewe. Wakauliza, akajibu. Kikaratasi hakuwa nacho hata kimoja. Mwishoni mzee mmoja, Frans, aliyekuwa padre mmisionari miaka mingi, akanyanyua mkono na kuuliza kwa Kiswahili safi, "Na kuogelea, mama, umejifunza?"

"Sijajifunza, Padre. Wewe utajifunza kabla ya kwenda?"

"Mimi? Nina miaka themanini na mmoja!"

"Basi nenda hivyo hivyo," Felisia akasema, akampa kalamu aandike jina lake kwenye orodha ya safari.