Mwezi wa Kumezwa

Mwaka nilipohamia shule moja ya sekondari upande wa Bulyanhulu kufundisha jiografia, nilipanga chumba kwa mama mmoja ambaye mumewe alikuwa mchimbaji mdogo wa dhahabu. Jioni nilikuwa naandika riwaya, na sikumwambia mtu. Ilihusu nchi isiyokuwapo, yenye miezi miwili angani, mkubwa na mdogo. Watu wa nchi hiyo wasingeweza kuhesabu siku kama sisi, kwa hiyo niliwatungia kalenda.

Mwaka wao niliugawa sehemu kumi na moja, na kila sehemu nikaipa jina la kinachosikika wakati huo: Vyura, Upepo, Vinu. Ya mwisho tu ndiyo haikuwa na sauti. Niliiita Kumezwa. Kwa siku tisa mwezi mdogo hujificha nyuma ya mkubwa, na hakuna anayechimba kisima wala kaburi, maana ardhi ina njaa.

Nilichora yote kwenye karatasi ya manila nikaibandika ukutani. Ili nisijichanganye, kando ya kila siku ya kubuni niliandika tarehe yetu ya kawaida. Zile tisa nikazizungushia wino mwekundu.

Jumatatu moja mama mwenye nyumba aliingia kuazima pasi. Akasimama mbele ya ukuta.

"Hii nini, Mwalimu?"

Nilikuwa nasahihisha madaftari. Nikajibu bila kuinua kichwa, "Siku ambazo ardhi inakula watu."

Nilicheka. Yeye hakucheka.

Alhamisi ya wiki hiyo, asubuhi, duara, yaani shimo la dhahabu alikochimba mumewe, lilititia. Watu watatu walikuwa chini, na mumewe alikuwa mmoja wao. Yowe lilitufikia darasani. Niliporudi nyumbani mchana, ua ulikuwa umejaa watu. Sungusungu, walinzi wa kijiji, walikuwapo na fimbo zao. Manila yangu ilikuwa imebanduliwa ukutani, imetandazwa chini na kuwekewa mawe kwenye pembe. Mama mwenye nyumba alikuwa ameketi kizingitini, khanga imemdondoka begani.

"Alijua," alisema akininyooshea kidole. "Aliniambia kwa mdomo wake mwenyewe."

Mimi ni mzaliwa wa Shinyanga. Nilishamwona bibi wa jirani yetu akifukuzwa kijijini kama mchawi, kigoda kichwani, kosa lake macho mekundu aliyopewa na moshi wa jikoni. Nilijua maneno kama yale yanaweza kuishia wapi.

Mwenyekiti wa kitongoji aliinama juu ya karatasi. "Mwalimu, tarehe ya leo ina wino mwekundu. Nani alikupa?"

"Shikamoo, mzee. Nimetunga mwenyewe."

Hakuitikia salamu. "Umetunga kifo?"

"Hadithi, mzee. Ninalo daftari."

"Lilete. Usome."

Nilisoma nimesimama juani. Mtu mmoja nyuma akapaza sauti kwamba nilikuwa nanuiza, ninyamazishwe. Mwenyekiti aliinua mkono.

"Hao watu wako wanapanda lini?"

"Mwezi wa Vyura, mzee."

"Na ng'ombe wanahama lini kutafuta malisho?"

Nilipekua kurasa. Sikuwa nimeweka ng'ombe.

"Nchi gani haina ng'ombe?" aliuliza, na mzee mmoja akaguna kama anayetaka kucheka. Mwenyekiti akalichukua daftari langu akalifunga. "Huu ni uongo wa mtu aliyesoma sana," alisema. "Lakini hutoki hapa mpaka wale watu wapatikane."

Nilikaa chumbani mlango wazi, wanawake wawili wakinilinda. Hawakunitukana. Hawakunitazama pia. Niliwaza tu: wakitolewa wamekufa, nani atakumbuka habari ya ng'ombe?

Ijumaa alasiri kelele zikapanda kutoka machimboni. Nilishindwa kutambua kama ni kilio au furaha. Kisha nikamsikia mama mwenye nyumba akiita, "Mayu wane! Mayu wane!" na hata hapo sikujua, maana mtu humwita mama yake kwa yote mawili. Mmoja wa walinzi wangu alikimbia kutazama. Aliporudi alikuwa analia.

"Mumewe mzima," alisema. "Na mwingine mzima. Magogo yaliwazuilia kifusi. Yule wa tatu, mtu wa Buseresere, ndiye amefariki."

Siku ya tatu baada ya mumewe kuokolewa, mama mwenye nyumba aliniletea viazi vitamu vya moto. Alibaki mlangoni.

"Nilitaka awepo mtu wa kuulizwa," alisema. "Kukaa tu na kusubiri, nilishindwa."

"Na mimi nilikujibu ovyo. Nisamehe, dada."

Aliingia akaketi. Tulikula pamoja.

Wengine hawakusahau. Kila nilipofika kisimani sauti zilishuka, na muhula ulipoisha niliomba uhamisho, nikahamia shule nyingine, Kalangalala. Riwaya niliimaliza huko, nikiwa na ng'ombe wengi ndani yake. Yule marehemu wa Buseresere sikuwahi kumwona akiwa hai. Siku alipozikwa, kabla sijahama, nilienda, nikakaa nyuma kabisa na akina mama, na hakuna aliyeniuliza nimekuja kama nani.